Minara Iliyobaki

Majina yalikuwa bado yanapanda kwenye kioo cha runinga, majina ya watu waliotengeneza gemu, wengi kama wageni wa harusi ya tajiri, na fundi rangi alikuwa akiyasoma yote. Hakuna anayeyasoma majina yale. Mtu mwenye shughuli zake hubonyeza kidude cha kuchezea akaenda kunywa maji. Yeye aliyasoma moja moja, midomo ikimcheza, mguu wake wa kulia ukiwa umepandishwa juu ya kigoda chenye mto kama mguu wa sultani. Mguu wenyewe ulikuwa umeacha kuuma zamani.

Nje, kwenye kibaraza, mkewe alikuwa anamsuka mteja. Mlango ulikuwa wazi, na kila kilichosemwa ndani kilisikika nje. Muziki wa mwisho wa gemu ulipoanza, wa zumari na ngoma za taratibu, vidole vya msusi vilisimama katikati ya mstari.

"Limekwisha?" akauliza bila kugeuza kichwa.

Fundi akajitia hamnazo.

"Wewe, nakuuliza. Huo wimbo leo ndiyo nausikia. Gemu limekwisha?"

"Limekwisha," fundi akasema, kisha akaharakisha kuongeza, "lakini si kwisha kabisa. Kuna vitu vidogo vidogo vimebaki."

Mteja, aliyekuwa ameinamisha kichwa magotini pa msusi, akacheka huko huko chini. "Jamani, hata mwisho nao una mabaki?"

"Mume wangu huyu akila ugonjwa anabakiza, akila likizo anabakiza," msusi akasema, na vidole vikaendelea.

Alikuwa na sababu ya kuuliza. Siku ile mdogo wake msusi alipoileta mashine ya gemu, fundi akiwa bado na plasta ya hospitali mguuni, fundi alikula kiapo mbele ya wote kwamba siku atakayolimaliza gemu hilo ndiyo siku atakayorudi kazini. Kiapo kilikuwa rahisi kula. Gemu lenyewe lilikuwa nchi nzima, lina milima, mito, miji na njia zisizohesabika, na mtu asiyejua hata kushika kidude aliona kama ameambiwa afagie jangwa. Sasa jangwa lilikuwa limefagiliwa, na mwenye ufagio hakuwa na pa kujificha.

Kazi yake ilikuwa kupaka rangi maghorofa kwa jukwaa la kamba. Jukwaa hilo ni ubao mrefu unaoning'inizwa kutoka kwenye paa kwa kamba mbili na makapi mawili, vigurudumu vya kupitishia kamba, fundi mmoja upande huu, mwenzake upande ule, na hupanda na kushuka kwa nguvu za mikono yao wenyewe. Mmoja akivuta kuliko mwenzake, ubao unainama na ndoo zinakwenda. Kwa hiyo mafundi wa kazi hii hufungamana wawili wawili. Kila mmoja ana kamba yake, anaikagua mwenyewe na kuilaza chini ya kitanda chake, na wawili wakishazoeana mikono hawapandi na mtu mwingine. Ukitaka kuachana na mwenzako huna haja ya maneno mengi. Unampa kamba yako. Akiipokea, basi, kila mtu anashika njia yake na hakuna kununiana.

Mwenzake fundi aliitwa Ngazi, kwa urefu wake. Walikuwa wamepanda pamoja tangu ujanani, kiasi kwamba mmoja akikohoa mwenzake alijua kama ni vumbi au ni mafua. Siku ya ajali, ndoano ya upande wa fundi iliteleza kwenye ukingo wa paa. Ubao ukasimama wima kama mlango. Ngazi aliikumbatia kamba yake. Fundi hakupata cha kukumbatia. Aliangukia lundo la mchanga wa waashi, na kila aliyekwenda kumwona hospitali alimwambia ana bahati. Ilikuwa bahati yenye mfupa uliovunjika mahali pawili, lakini ilikuwa bahati.

Mguu ulipona. Kilichofuata hakumwambia mtu yeyote. Siku moja, mkewe akiwa sokoni, alipanda kiti abadilishe taa iliyoungua, na alipoinua mkono tu sakafu ikawa kama imeshuka. Alijikuta ameukumbatia ukuta kwa mikono miwili, jasho linamtiririka, hawezi kupanda wala kushuka. Mwishowe alichuchumaa, akakaa, akajiteremsha kidogo kidogo kama mtoto anayejifunza kushuka kitandani. Mkewe aliporudi akauliza mbona taa bado, fundi alisema mguu unauma. Neno lilitoka lenyewe. Na kwa kuwa lilipokelewa vizuri, kwa maji ya moto yenye chumvi na kwa mikono ya msusi inayojua kukanda, kesho yake alilisema tena. Tangu hapo lilikuwa kama mpangaji asiyetaka kuhama.

Simu yake ikalia juu ya kochi. Ulikuwa ujumbe wa Ngazi, mfupi kama kawaida yake: "Lile ghorofa la wapangaji tumelipata. Kazi inaanza kesho. Mkandarasi anataka jibu leo, ama sisi ama wengine. Nakuja alasiri."

Fundi aliusoma, akaigeuza simu kifudifudi, akashika kidude.

Gemu lilikuwa limemrudisha kwenye njia panda, mahali pale pale alipokuwa kabla ya pambano la mwisho. Msafiri wake, mwanamke mwenye joho la kijani, alikuwa amesimama kando ya punda wake mweupe akisubiri kuambiwa pa kwenda. Mfalme wa Majivu alikwishashindwa na dada aliyepotea alikwishapatikana, lakini nchi ile haikuwa na habari. Mfinyanzi wa kijiji cha mtoni alimsalimu kwa maneno yale yale aliyomsalimu nayo siku ya kwanza. Kuku walikimbia njiani. Hakuna aliyemuuliza, sasa utafanya nini, na fundi aliwapenda watu wale kwa hilo peke yake.

Basi akaanza kuokoteza mabaki. Kulikuwa na mbuzi wa mjane aliyepotea bondeni, akamtafuta, akamrudisha. Kulikuwa na uyoga wa bluu unaoota kwenye magogo yaliyooza tu, mganga mmoja alikuwa anautaka, na fundi alipekua msitu mzima kama mtu aliyeangusha pete. Alivua samaki. Alishindana mbio za punda na vijana wa mjini, akashindwa, akarudia, akashindwa tena. Alisimama pia mbele ya nyumba ya wageni, kama alivyosimama mara nyingi, akautazama ukuta wake kwa dharau ya kitaalamu.

"Aliyepaka huu ukuta hakungoja ukauke," akasema kwa sauti. "Ona, unavimba."

"Wapelekee kikwangulio na msasa!" mkewe akajibu kutoka kibarazani. "Pengine watakupa kazi, maana huku unaikimbia."

Alikuwa anatania. Fundi alijua ni utani, na bado ulimchoma mahali pake.

Mchana ulikuwa umeshafika pale mdogo wake msusi alipoingia, kijana wa watu, fundi simu, mwenye maneno mengi kuliko simu zote alizowahi kutengeneza. Alikuja kuchukua mashine yake. Alikuwa amesubiri kwa adabu, alisema, lakini adabu nayo ina betri, na ya kwake imebaki alama nyekundu.

"Nimesikia shemeji umeiangusha himaya! Hongera. Hebu nione ulivyofanya kabla sijaichomoa." Akajitupa kwenye kochi, akachukua kidude, akafungua ramani.

Kwanza alinyamaza. Kwa mtu yule, hilo lilikuwa jambo la kutia hofu. Ramani ilikuwa na mabaka meupe kila upande, kama ukuta uliobabuka rangi. Gemu lile lilikuwa na mnara katika kila wilaya, na msafiri akipanda mpaka juu, ramani ya wilaya nzima hufunguka, njia na vijiji vikaonekana. Asiyepanda hutembea akipapasa.

"Shemeji," kijana akasema polepole. "Umemalizaje gemu hili bila kupanda hata mnara mmoja?"

"Si lazima kupanda."

"Si lazima! Na kuwasha taa nyumbani si lazima, lakini watu wanawasha!" Kicheko kikamshika. "Dada! Dada, njoo umwone mumeo! Kila mtu anaanza na minara. Watoto wadogo wanaanza na minara. Huyu kaizunguka milima yote kwa chini, kwa miguu! Hapa kwenye daraja la juu, shemeji, ulipitaje?"

"Niliogelea."

"Na punda?"

"Na punda."

Kijana alicheka mpaka akashika mbavu. Mteja wa kibarazani naye alicheka, bila kujua hasa anacheka nini. Msusi alikuja akasimama mlangoni na kitana mkononi, tayari kucheka pamoja nao. Alitazama ramani yenye mabaka. Alimtazama mdogo wake anayefuta machozi. Kisha akamtazama mumewe, aliyekuwa hacheki, aliyekuwa anautazama mto chini ya mguu wake, na uso wa msusi ukabadilika.

Alirudi kibarazani akaendelea kusuka, na kwa muda kilichosikika ni mteja tu, kwanza kwa upole, kisha kwa kulalamika: "Dada, unanivuta. Dada, kichwa ni changu, jamani."

Mteja alipoondoka, amesukwa akasukika, macho yamevutwa mpaka pembeni, msusi aliingia akasimama mbele ya mdogo wake.

"Mashine utaichukua kesho."

"Lakini dada..."

"Kesho."

Kijana aliwaangalia wote wawili, akaacha kidude kwenye kochi. Aliaga. Msusi alikaa pale kijana alipokuwa kwenye kochi, akampa mumewe kidude.

"Nionyeshe mnara mmoja."

"Wa nini?"

"Nionyeshe tu."

Mnara wa karibu ulikuwa nyuma ya kijiji cha mtoni, wa mawe, umeota kuvu ya kijani. Fundi alikuwa amepita chini yake siku zote bila kuinua macho. Akamsogeza msafiri mpaka ukutani. Msafiri akashika jiwe la kwanza, la pili, joho likapepea, na kijiji kikaanza kushuka. Mapaa yalionekana. Kuku wakawa nukta. Viganja vya fundi viliroa mpaka kidude kikawa kinateleza, na kinywa kilikauka kama amekula chokaa. Akasimamisha msafiri. Akamteremsha jiwe moja, akamteremsha lingine, mpaka miguu yake ikagusa majani, na hapo tu ndipo yeye mwenyewe akavuta pumzi.

"Ni gemu tu," mkewe akasema kwa sauti ya chini. "Akianguka si anaamka?"

"Anaamka."

"Mguu hauumi."

Hakuwa anauliza. Fundi akatikisa kichwa. "Hauumi."

"Tangu lini?"

"Siku nyingi."

"Na yale maji ya moto ya kila jioni? Nimesuka vichwa kutwa, vidole vimekufa ganzi, nakuja nachemsha maji, nainama. Nilikuwa nakanda nini?"

Fundi aliutoa mguu kwenye kigoda, akauweka sakafuni kando ya mwenzake, na kitendo hicho kidogo kilimwaibisha kuliko maneno yote. "Naogopa, mke wangu," akasema. "Siwezi hata kiti. Ile taa niliyoshindwa kubadilisha haikuwa mguu. Nikifumba macho naona ule ubao unasimama. Sasa niseme nini kwa watu? Fundi wa maghorofa anaogopa ghorofa? Ni kama wewe uogope nywele." Sauti ilimkatika, na machozi yakamtoka mtu mzima yule, mengi, bila mpango.

Msusi alimwacha alie. Alikuwa mwanamke wa haki, na haki yake ilikuwa na utaratibu.

"Nimekasirika," akasema baadaye. "Nataka ujue kwanza kwamba nimekasirika, halafu tutaendelea. Sikukasirika kwa sababu unaogopa. Ningeanguka mimi vile, nisingepanda hata kitanda, tungelala chini maisha. Nimekasirika kwa sababu uliogopa peke yako ndani ya nyumba yangu, na mimi nipo." Akamfuta uso kwa upindo wa gauni lake la kazi, kwa nguvu kidogo, kama anayefuta meza. "Na Ngazi, anajua?"

Hapo fundi aliinamisha kichwa kabisa. Ngazi hakujua. Ngazi alikuwa ameitwa na mafundi wengine mara kadhaa akapande nao, akakataa, akasema mwenzake mgonjwa, atamngoja. Na kwa kuwa jukwaa halipandwi na mtu mmoja, mtu yule aliyezoea kupaka ghorofa mpaka mawinguni alikuwa siku hizi anapaka mageti na kingo za barabara, amekunja urefu wake wote kando ya mitaro, anangojea mguu uliokwishapona.

"Mwambie leo," msusi akasema. "Mwambie wewe, usiniachie mimi."

Ngazi alifika jua likiwa limeanza kulainika. Aliinama kupita mlangoni kama kawaida yake. Suruali yake ilikuwa na madoa meusi na mekundu, rangi za mageti, na msusi alipomkaribisha maji aliyanywa yote kwa mkupuo mmoja.

"Shikamoo ya mguu kwanza," akatania. "Unaendeleaje huo mguu wa watu?"

Fundi alinyanyuka, akaenda chumbani kwa mwendo mzuri usiochechemea, na Ngazi akautazama mwendo ule. Aliporudi alikuwa na kamba yake mikononi, imeviringwa vizuri, safi, haijaguswa tangu siku ya ajali. Akamnyooshea.

Tabasamu la Ngazi likazimika. "Nini hii?"

"Mguu umepona zamani. Nimekudanganya. Nimemdanganya na huyu. Naogopa kupanda, Ngazi, naogopa kiasi cha kulia, na leo nimelia, muulize. Nimekupakisha mageti bure. Chukua kamba, upande na mtu mzima."

Ngazi aliitazama kamba bila kuigusa. Msusi alishika kitana chake kwa mikono miwili kama anayesikiliza hukumu.

"Unajua nimepaka mageti mangapi?" Ngazi akaanza, na sauti yake ilikuwa inapanda. "Nimepaka geti la makaburini! Nimepaka geti la mtu mwenye mbwa anayekula brashi! Watoto wa shule wananiita babu wa kingo, mimi! Nikipita nasema, acha, mwenzangu yuko kitandani. Kumbe mwenzangu..." Akanyanyua mkono kuelekea runinga, ambako msafiri wa joho la kijani alikuwa bado amesimama chini ya mnara wake. Akaushusha mkono. Akakaa.

Aliichukua glasi aliyonywea maji, akaizungusha mkononi.

"Kuna kitu na mimi nikuambie," Ngazi akasema mwishowe, akizungumza na glasi tupu. "Wewe ulianguka ukafika. Mimi nilibaki juu. Nimeshika kamba, naangalia chini, naona mchanga, naona kiatu chako kimekaa peke yake, wewe sikuoni. Walinishusha kwa ngazi ya zimamoto. Mikono yangu ilibidi waifungue kidole kimoja kimoja. Kila uliponiambia mguu bado, nilikuonea huruma. Wallahi nilikuonea huruma. Halafu nikitoka hapo mlangoni, nashukuru."

Fundi alikuwa bado amenyoosha mikono na kamba. Alikuwa amejiandaa kwa matusi, alikuwa amejiandaa hata kwa kibao. Kwa hili hakuwa na maandalizi. Akakaa kando ya Ngazi, kamba ikabaki katikati yao kwenye kochi, na hakuna aliyeichukua.

"Kwa hiyo wanaoogopa humu ndani ni wanaume wawili wazima," msusi akasema, "na mimi ndiye nilikuwa nachemsha maji." Akaanza kucheka. Hakukusudia, kilimtoka tu, na wao wakamfuata, wakacheka kicheko kibaya cha kukoroma kinachofanana na kulia.

"Tumwambie mkandarasi nini?" fundi akauliza walipotulia.

"Tumwambie nini?" Ngazi akafikiri. "Mwambie tunakuja. Kufika pale si kupanda."

Asubuhi ghorofa lile lilikuwa limesimama kando ya barabara kama lilivyosimama miaka yote, la kijivu, rangi yake ya zamani imebabuka kila mahali. Mkandarasi, mtu wa haraka, aliwagawia mikanda ya usalama na kutaka waanzie juu, kama kazi inavyotaka, maana ukuta hupakwa kutoka juu kuja chini ili matone yasiharibu kilichokwisha. Ngazi alikuwa amepanda ngazi za ndani mpaka kwenye paa alfajiri ile, akazikagua ndoano zote mbili, akazifunga na kuzifunga tena. Aliporudi chini alikuwa amelowa jasho, na asubuhi ilikuwa ya baridi.

"Leo hatupaki," fundi akamwambia mkandarasi. Sauti yake ilikuwa nyembamba, lakini ilitoka. "Rangi mpya haishiki juu ya mabamba haya. Lazima tukwangue kwanza, na kukwangua hakuna juu wala chini. Tutaanza tunapofikia."

Mkandarasi aliutazama ukuta, akautia ukucha, bamba la rangi likamng'okea mkononi. Akaguna, akaenda kugombana na mtu wa saruji.

Msusi alikuwa upande wa pili wa barabara. Alisema amekuja kununua uzi wa kusukia. Hakukuwa na duka la uzi upande ule.

Walikaa kwenye ubao, kila mtu upande wake, miguu bado inagusa ardhi. Fundi alifunga mkanda, akaufungua, akaufunga. Ngazi hakumharakisha. Kisha wakatazamana, wakavuta pamoja, na nyayo zikaachana na ardhi. Fundi akauelekeza uso wake ukutani, akausoma ukuta, nyufa zake, mabamba yake, msumari wenye kutu, kitu chochote kilichokuwa mbele ya pua na si chini ya miguu. Wakavuta tena. Mikono ilikuwa inakumbuka yenyewe. Mengine yote yalikuwa yanatetemeka. Ubao ulikuwa sawa, haukuinama hata kidogo, na waliendelea hivyo, pumzi kwa pumzi, mpaka dirisha la kwanza likawa mbele yao na fundi akasema, "Hapa. Tufunge hapa." Kila mmoja akafunga kamba yake, na hapo wakatulia, urefu wa mtu aliyesimama juu ya bega la mwenzake.

Pazia likavutwa. Bibi mmoja mwenye miwani alikuwa ndani, kikombe mkononi, akashtuka kuona wanaume wawili wamekaa hewani nje ya chumba chake. Alifungua dirisha. Kwenye kizingiti alikuwa ameanika soksi.

"Hamjambo, wanangu. Mnapita kwenda juu?"

Fundi aligundua kwamba alikuwa ameshika kikwangulio kwa nguvu mpaka vidole vimekuwa vyeupe. Akavilegeza. Juu yao madirisha yalikuwa yamepangana mpaka kwenye paa, na hakuyatazama.

"Hatujambo, bibi," akasema. "Leo tunaishia kwako."

"Ah," bibi akasema, na akaanza kuondoa soksi, moja moja, kuwapa nafasi.